Namna ya Kutengeneza Mfano wa Pakasuchus kwa Klabu ya Sayansi ya Shule

Mwongozo huu unaeleza namna ya kutengeneza mfano wa ukubwa halisi wa Pakasuchus kapilimai, mnyama aliyeishi takriban miaka milioni 105 iliyopita katika eneo ambalo leo ni kusini-magharibi mwa Tanzania, na ambaye alikuwa ndugu wa mbali wa mamba tunaowajua. Nimeuandika kwa ajili ya walimu na wanafunzi wa klabu za sayansi za Mwanza na mwambao wa Ziwa Victoria. Mtu aliyekulia kando ya ziwa hili tayari anayo picha kamili ya mamba kichwani mwake: mnyama mrefu, mzito, mwenye magamba magumu mgongoni, anayejificha majini akisubiri windo. Picha hiyo ni ya kweli kwa mamba wa leo, lakini humfanya aone vigumu kuamini kwamba katika jamii hiyo aliwahi kuwamo mnyama wa ukubwa wa paka, aliyeishi nchi kavu, mwenye miguu mirefu na magego ya kukatia chakula. Maelezo ya ubaoni huwa hayatoshi kumshawishi; mfano anaoweza kuushika na kuugeuza mkononi humshawishi zaidi.

Mifupa ya Pakasuchus ilipatikana mwaka 2008 katika bonde la ufa la Rukwa, ndani ya miamba myekundu ya mchanga ambayo wanajiolojia huiita miamba ya Galula. Maelezo yake ya kwanza ya kisayansi yalichapishwa mwaka 2010 katika jarida la Nature na timu iliyoongozwa na Patrick O'Connor wa Chuo Kikuu cha Ohio, nchini Marekani, ambayo ilikuwa na watafiti wa Kitanzania ndani yake. Jina lake la pili linamuenzi hayati Saidi Kapilima wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, aliyekuwa mhimili wa kazi hiyo ya utafiti, na la kwanza limeanza na neno letu paka kwa sababu ya fuvu lake fupi na meno yake. Mnyama huyo alikutwa akiwa amefumba mdomo, na kwa kuwa kichwa chake ni kidogo kiasi cha kutosha kiganjani, isingewezekana kuitenganisha taya ya juu na ya chini bila kuyaharibu meno. Watafiti walilazimika kulipiga fuvu picha za mionzi kwa mashine ya skani ya CT, aina ile ile inayotumika hospitalini, kisha wakayatenganisha meno ndani ya kompyuta na kuyatazama moja baada ya jingine. Ninalitaja jambo hili mapema kwa sababu meno ndiyo yaliyomfanya mnyama huyu asikike duniani, na katika mfano wenu yatahitaji muda kuliko sehemu nyingine yoyote.

Kabla ya kushika waya

Kazi ya kwanza hufanyika kwenye daftari. Gawanyeni ukurasa katika safu tatu. Katika safu ya kwanza andikeni yale yanayoonekana kwenye mifupa yenyewe. Katika ya pili, yale yanayokadiriwa kwa kulinganisha na ndugu zake au na umbo la mifupa. Na katika ya tatu, yale ambayo nyinyi watengenezaji mtayaamua kwa kuwa hakuna mfupa unaoweza kuyaonyesha. Mimi naiona hatua hii kuwa kiini cha kazi yote, kwa maana mfano usiotofautisha ushahidi na ubunifu ni pambo la kabati, hata ukiwa mzuri kiasi gani.

Safu ya kwanza itakuwa na mambo yafuatayo: fuvu fupi, tundu za pua zinazoelekea mbele, meno machache yenye maumbo tofauti, miguu mirefu na myembamba, urefu wa mwili mzima wa takriban nusu mita, na vibamba vya mfupa ambavyo vimepungua sana kwenye kiwiliwili lakini vimebaki mkiani. Safu ya pili itakuwa na mwendo wake wa wepesi juu ya nchi kavu, chakula chake, ambacho yaelekea kilikuwa wadudu na wanyama wadogo, pamoja na sura ya ngozi yake. Ya tatu itakuwa na rangi ya mwili, rangi ya macho na mkao mtakaoamua kumweka. Mkiwa na shaka kuhusu jambo fulani liingie safu ya kwanza au ya pili, liwekeni katika ya pili.

Baada ya daftari, fanyeni uchunguzi wa wanyama walio hai, kwa kuwa mtu asiyejua jinsi bega la mnyama linavyokaa hataweza kulikunja kwa waya. Mtazameni paka wa nyumbani anapotembea polepole, hasa jinsi miguu yake inavyoshuka wima chini ya mwili. Kisha mtazameni mjusi au kenge, ambaye mapaja yake hutanuka pembeni na tumbo lake hukaa karibu na ardhi. Mamba wa leo anaweza kufanya yote mawili: hujiburuta kwa tumbo ukingoni, lakini pia huweza kujiinua na kutembea akiwa amenyoosha miguu. Pakasuchus yuko upande wa wanaotembea wakiwa wameinua mwili, na kosa linaloonekana mara nyingi katika mifano ya wanafunzi ni kumlaza kama mjusi.

Kwa mamba mwenyewe, tumieni picha, au ombeni ziara ya Hifadhi ya Taifa ya Kisiwa cha Saanane, ambayo iko umbali mfupi wa boti kutoka mjini na ina wahifadhi wanaoweza kuwaongoza wanafunzi. Asitumwe mwanafunzi yeyote kwenda ziwani, kwenye matete au mahali pa kuchotea maji kwa lengo la kumtafuta mamba. Mamba wa ziwa hili huua watu, na hakuna somo linalostahili hatari hiyo.

Kiunzi na mwili

Vifaa vinapatikana kwa urahisi katika maduka ya vifaa vya ujenzi na majumbani: waya laini wa kufungia nondo, koleo, magazeti ya zamani, boksi gumu, unga wa ngano, chumvi, udongo wa mfinyanzi, msasa laini, rangi za maji, vanishi, na miche miwili ya sabuni ya kufulia. Kibao cha kusimamishia mfano kiwe na urefu wa sentimita 60 na upana wa sentimita 25, kizito kiasi cha kutoinuka upande mmoja mtu akiugusa mkia.

Vipimo ninavyopendekeza ni vya mfano wa sentimita 50 kutoka ncha ya pua hadi ncha ya mkia: kichwa 7, shingo 4, kiwiliwili 17 na mkia 22. Miguu ya mbele iwe na sentimita 11 na ya nyuma 13 ikiwa imekunjwa kidogo. Mgawanyo huu ni makadirio ya kuwasaidia kujenga, kwa hiyo uandikwe katika safu ya pili. Chorea umbo zima kwenye karatasi kwa ukubwa huo huo, ulaze waya juu ya mchoro, na ukunje uti wa mgongo kwa waya mmoja usiokatika kutoka shingoni hadi mkiani. Waya wa miguu ya mbele upite kwenye mabega na kurudi upande wa pili, vivyo hivyo kwenye nyonga, ili kila jozi ya miguu iwe waya mmoja. Miguu iliyofungwa mmoja mmoja hulegea gundi inapokauka. Acheni ncha za sentimita 3 chini ya kila mguu kwa ajili ya kupenya kwenye kibao.

Gundi hupikwa. Koroga kikombe kimoja cha unga katika kikombe kimoja cha maji baridi hadi mabonge yaishe, mimina mchanganyiko huo ndani ya vikombe vitatu vya maji yanayochemka, endelea kukoroga mpaka uwe mzito kama uji, kisha tia kijiko kikubwa cha chumvi ili kuchelewesha ukungu. Iache ipoe kabisa kabla wanafunzi wadogo hawajaitumia.

Viringisheni gazeti kavu kuzunguka waya mpaka mpate unene wa misuli, mkifunga kwa uzi, halafu mfunike kwa vipande vya gazeti vilivyoloweshwa kwenye gundi. Mwili uwe mwembamba. Kiwiliwili kikizidi sentimita 6 kwa upana, mmekwisha kurudi kwa mamba wa ziwani bila kujua. Wekeni tabaka mbili, acheni zikauke kivulini mahali penye upepo, kisha ongezeni mbili nyingine. Katika miezi ya kiangazi, Juni hadi Agosti, kila awamu hukauka upesi. Wakati wa masika ni afadhali kuweka tabaka moja tu kwa awamu, maana karatasi iliyokauka nje na kubaki mbichi ndani huoza na kutoa harufu. Usiianike kwenye jua kali, kwa sababu hukunjamana na kuuvuta mkia upande mmoja.

Kwa vidole, fuateni hesabu ya mamba wa leo, ambaye ana vidole vitano miguu ya mbele na vinne miguu ya nyuma, na mwiweke hesabu hiyo katika safu ya pili. Wayo usitanuke wala kuwa na ngozi katikati ya vidole, kwani huyu hakuwa mwogeleaji.

Mkia ndio sehemu ya mwili iliyobaki na kinga ya vibamba. Kateni vibamba vya boksi gumu, vya upana wa milimita 6 penye shina la mkia na vinavyopungua hadi milimita 2 penye ncha, mvibandike kwa safu zinazopandiana kidogo mkianzia nchani kuja juu. Mkifika kwenye nyonga, acheni. Wanafunzi watataka kuendelea mpaka shingoni, kwa sababu mamba wanayemjua ana mgongo wa kibamba juu ya kibamba, na hapo ndipo mwalimu anapopaswa kusimamisha kazi na kueleza. Vibamba vya mfupa humkinga mnyama, lakini pia huufanya mgongo uwe mzito na mgumu kupinda. Mnyama mdogo anayekimbiza wadudu nchi kavu ananufaika kwa kuvipunguza, na mifupa ya Pakasuchus inaonyesha kwamba kwenye kiwiliwili vilipunguzwa. Baadhi ya walimu hupendekeza kutumia mbegu za maboga badala ya boksi kwa kuwa zina umbo zuri. Mimi nazikataa, kwani panya hupita juu ya mfano mzima wakizitafuta.

Kichwa

Kichwa kifinyangwe peke yake kwa udongo wa mfinyanzi, kikauke, kisha kiunganishwe na shingo. Anzeni na bonge la sentimita 7 kwa urefu na 4 kwa upana nyuma ya macho. Pua iwe fupi na yenye kina, tundu za pua zitazame mbele, na macho yakae pembeni, chini kidogo ya utosi. Mamba wa leo ana macho na tundu za pua juu ya kichwa ili mwili wake ubaki umezama huku akiona na kupumua, kwa hiyo mkiviweka juu mtakuwa mmemrudisha majini. Mdomo ufumbwe, au ufunguliwe kidogo tu mbele ili chonge zionekane. Hakuna haja ya kuhangaika kufinyanga magego ndani ya taya zenye urefu wa sentimita chache. Hayataonekana, nayo yana kazi yake kwenye mfano wa pili.

Meno ya sabuni

Mfano wa pili ni wa meno peke yake, ukiwa umekuzwa mara nyingi, na ndio ambao wageni watauchezea. Sabuni ya mche hukatika vizuri kwa kisu kidogo kisicho na makali mengi, haiachi vumbi la hatari, na jino likivunjika hutengenezwa jingine siku hiyo hiyo.

Chongeni kwanza meno ya mamba wa Ziwa Victoria, yaani mamba wa Nile. Huyu ana meno 64 hadi 68, na yote yana umbo moja la msingi, la koni butu au kali, yakitofautiana kwa ukubwa. Kazi yake ni kudunga na kushikilia. Mamba hatafuni: taya zake hufunguka na kufungwa tu, na nyama iliyo kubwa kuliko koo lake huinyofoa kwa kujibiringisha au kwa kuitikisa, kisha humeza mapande mazima. Jino likidondoka, jingine huota mahali pake, na hali hiyo huendelea kwa sehemu kubwa ya maisha yake. Koni nne za urefu wa sentimita 4, zikisimamishwa kwenye kipande cha boksi zikiwa mbili juu na mbili chini, zinatosha.

Baada ya hapo chongeni ya Pakasuchus. Mbele aliota meno yanayofanana na chonge. Nyuma yake yakafuata madogo ya kati, na nyuma kabisa magego mapana yenye kingo za kukatia. Mpangilio huu tumezoea kuuona kwa mnyonyeshaji, yaani mamalia: tazama taya ya paka, ya mbwa, au ndani ya mdomo wako kwenye kioo. Jambo la pili, ambalo kwa maoni yangu ni kubwa kuliko umbo la jino lenyewe, ni kwamba magego ya juu na ya chini yalikutana. Ukingo wa moja ulipita kando ya ukingo wa jingine, na kiungo cha taya kiliruhusu taya ya chini kusogea mbele na nyuma, mwendo ambao mamba wa leo hawezi kuufanya. Kuwa na magego bila taya inayosogea kungemfaa kidogo sana. Vyote viwili kwa pamoja vilimwezesha kukikata chakula mdomoni kabla ya kukimeza.

Chonga vipande viwili vya sabuni vya upana wa sentimita 4. Katika kimoja acha matuta mawili marefu yenye mfereji katikati. Katika kingine acha tuta moja linaloingia kwenye mfereji huo na kuteleza ndani yake kwa sentimita moja mbele na nyuma. Vipande hivi vinaonyesha kazi ya meno, wala si nakala ya jino lolote moja la mnyama huyu, na kibandiko cha mbele yake kiseme hivyo waziwazi. Sugua sehemu zinazogusana kwa kidole chenye maji mpaka ziteleze bila kukwama.

Maonyesho yenyewe ni mafupi. Weka kipande cha ndizi mbivu kati ya koni za mamba wa Nile na ubane: ndizi hutobolewa, nayo hubaki kipande kimoja chenye mashimo. Weka kipande kingine kati ya matuta, bana, kisha sogeza cha chini mbele na nyuma: ndizi hukatika vipande. Mwanafunzi aliyefanya hivi kwa mikono yake huuliza mwenyewe swali linalofuata, yaani kwa nini ndugu wa mamba alihitaji meno ya namna hiyo.

Jibu walilolitoa watafiti linahusu bara zima. Wakati huo Afrika, Amerika ya Kusini, Madagaska, India, Antaktika na Australia zilikuwa mabaki ya bara kubwa la kusini liitwalo Gondwana, lililokuwa likimegeka. Katika nchi za kaskazini nafasi za wanyama wadogo wanaotafuna zilishikwa zaidi na wanyonyeshaji wa awali, lakini kusini, ambako visukuku (mabaki ya viumbe wa kale yaliyogeuka mawe) vya wanyonyeshaji wa wakati huo ni vichache, ndugu wa mamba walikuwa wengi na wa aina nyingi, na baadhi yao wakaingia katika maisha yanayofanana na ya mnyonyeshaji. Kundi la Pakasuchus huitwa notosukia. Malawi, jirani yetu, imetoa Malawisuchus, naye akiwa na meno ya maumbo tofauti. Madagaska imetoa Simosuchus, mwenye pua butu na meno yanayoonyesha kwamba alikula mimea. Katika miamba ile ile ya Galula amepatikana pia Rukwasuchus, ndugu mwingine wa mamba aliyetangazwa mwaka 2014, pamoja na mabaki ya dinosaria wakubwa wenye shingo ndefu. Mwalimu anayetaka kupanua maonyesho anaweza kuchora wote hao kwenye ukuta wa nyuma.

Rangi

Pakeni rangi ya kahawia, ya kijivu au ya mchanga mwekundu, yenye madoa kama mnapenda. Visukuku hivi havikuhifadhi rangi ya ngozi, kwa hiyo hakuna chaguo lililo sahihi kuliko jingine, mradi liandikwe katika safu ya tatu. Ninachowaomba msifanye ni kumwekea manyoya. Meno yake yalifanana na ya mnyonyeshaji, ila ukoo wake ni wa mamba, na mtazamaji anayeona manyoya ataondoka na mafundisho kinyume. Rangi ikikauka, pakeni vanishi mara mbili, mkiipitisha hata chini ya tumbo, ambako watu wengi husahau na unyevu wa ziwa huanzia hapo.

Kamba ya muda

Mfano ukisimama peke yake mezani, watu wa Mwanza huuliza kama mnyama huyo alikuwa akiishi humu ziwani. Njia bora ya kuwajibu ni kamba ya mita 10 na nusu iliyonyooshwa ukutani, ambapo kila sentimita moja ni miaka 100,000. Mwanzo wa kamba ni leo, na Pakasuchus anakaa kwenye mwisho wa pili. Dinosaria wanatoweka penye mita 6.6, kwa kuwa tukio hilo lilitokea miaka milioni 66 iliyopita. Ziwa Victoria, lenye umri wa takriban miaka 400,000, linaanzia sentimita 4 tu kutoka mwanzo wa kamba, na kipindi cha mwisho lilipokauka, kiasi cha miaka 15,000 iliyopita, kiko chini ya milimita 2. Binadamu wa aina yetu wanatokea penye sentimita 3. Hapo swali la ziwa huwa limejibiwa.

Kamba hiyo hiyo ina nafasi ya mamba wa kanda yetu, na ningependa asikosekane hata mmoja. Penye sentimita 18 hivi bandikeni Crocodylus anthropophagus wa Bonde la Olduvai, aliyeelezwa mwaka 2010 na Christopher Brochu, Jackson Njau na wenzao. Jina lake lina maana ya mla watu, kwa sababu baadhi ya mifupa ya binadamu wa kale iliyopatikana bondeni hapo ina alama za meno ya mamba. Penye mita 1.5 bandikeni Kinyang mabokoensis wa Kisiwa cha Maboko, kilicho ndani ya ziwa letu upande wa Kenya, na penye mita 1.8, Brochuchus wa Kisiwa cha Rusinga. Hawa watatu wako karibu na mamba wa leo kiukoo. Pakasuchus yuko kwenye tawi tofauti lililojitenga mapema zaidi na ambalo halina hata mmoja aliye hai. Ndiyo maana kibandiko kisimwite babu wa mamba. Mwiteni ndugu wa mbali.

Majabali ya Mwanza yanastahili kutajwa mbele ya kamba hii. Granaiti inayobeba mji, pamoja na Jiwe la Bismarck, ina umri unaozidi miaka bilioni 2.5, ambao kwa kipimo chetu ungehitaji kamba ya mita 250. Granaiti huganda kutokana na mwamba ulioyeyuka chini sana ya ardhi, na hakuna mfupa unaoweza kuhifadhika humo, kwa hiyo wanafunzi wasipoteze Jumamosi zao wakigonga mawe ya Capri Point. Visukuku hutafutwa kwenye miamba ya tabaka, iliyojengwa na mchanga, udongo au majivu ya volkano. Mwanafunzi akikutana na kitu kinachofanana na mfupa wa mawe mahali kama hapo, akiache kama kilivyo, apige picha pamoja na rula au kalamu ya kuonyesha ukubwa, aandike mahali kilipo, na mwalimu apeleke taarifa kwa mamlaka ya mambo ya kale. Visukuku vinalindwa na Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964, na mfupa uliong'olewa bila kumbukumbu ya tabaka ulimotoka hupoteza sehemu kubwa ya habari zake.

Kibandiko na utunzaji

Maneno ya kibandiko yawe machache, yaandikwe kwa herufi zinazosomeka kutoka hatua mbili. Ninapendekeza haya: «Pakasuchus kapilimai. Ndugu wa mbali wa mamba. Aliishi nchi kavu miaka milioni 105 iliyopita katika eneo la Rukwa, Tanzania. Ukubwa wa mfano huu ni halisi. Umbo la fuvu, aina za meno, urefu wa miguu na vibamba vya mkiani vimetokana na mifupa. Ngozi na mwendo vimekadiriwa. Rangi ni chaguo la klabu.» Sentensi tatu za mwisho ndizo safu zenu tatu za daftari, na zisipunguzwe hata kama nafasi ni finyu, afadhali kupunguza ukubwa wa jina la shule.

Mfano uwekwe kwenye meza ya kimo cha kifua cha mtoto wa darasa la nne, meno ya sabuni yakiwa mbele yake na kitambaa chenye maji kando kwa ajili ya kufutia ndizi. Baada ya maonyesho, mfano uhifadhiwe ndani ya boksi lililofungwa, juu ya rafu na mbali na ukuta wa nje, kwa kuwa gundi ya unga huwavuta mende na panya kila vanishi inapopasuka. Kagueni tumbo na nyayo mwanzoni mwa kila muhula, na penye ufa pakeni vanishi upya. Meno ya sabuni yatachakaa kwanza. Wanachama wapya wa klabu wapewe mche mwingine na wachonge yao, wakianza na zile koni nne za mamba wa Nile.